Uso Uliokosekana

Mpishi Rosebellah ndiye aliyemkuta Jael. Yaya huyo Mkenya alikuwa chali sakafuni, amekufa, katika karakana ya jumba moja la Al-Rawdah, Jeddah, mikono imekunjwa kifuani, mabaki ya plasta ya jasi kwenye nyusi. Kando yake kulikuwa na sanamu ya mwanamke wa marumaru, amelala vivyo hivyo, mbwa mdogo miguuni. Sanamu haikuwa na uso.

Inspekta Rubai wa polisi wa Jeddah, ambaye mama yake ni wa Unguja, alimhoji Josphat, mchongaji wa sanamu hiyo, kwa Kiswahili. Josphat aliletwa awe dereva. Kafili, yaani mwajiri aliyemleta, aliposikia kwamba kwao Tabaka, Kisii, watu huchonga mawe, alimpa kazi ya kunakili kaburi la Italia la miaka mia tano iliyopita. Josphat alieleza maana yake kwa fahari, na huku maiti yuko pale pale! Mbwa ni uaminifu, usingizi ni tumaini la kufufuka. Na uso, baadhi ya mafundi wa enzi hizo waliupata kwa kumpaka marehemu plasta.

"Ndivyo ulivyofanya?"

"Nilimkuta ameshakufa, afande. Moyo, nadhani. Nikaona uso usipotee bure."

Mtu hana haya hata kidogo. Juu ya meza palikuwa na kinyago cha plasta cha uso wa Jael, kimetulia kabisa. Lakini Rubai alipekua pipa la taka, akatoa vipande vya kingine, akaviunganisha. Kope zimekazwa, paji limekunjamana, na puani plasta imejaa mapovu.

"Maiti hapumui, Josphat."

Josphat akakaa chini.

"Hicho cha kwanza kilitoka vibaya," alisema. "Nilimwambia ni kipimo tu, dakika kumi. Nikamwekea mirija miwili ya kupumulia. Halafu nikaichomoa, nikamshika. Alipotulia, nikapaka upya."

"Kwa nini?"

"Miaka miwili, afande! Kila uso niliochonga bosi aliuvunja kwa nyundo. Anasema mwanamke huyu yuko macho, hajalala. Ana pasipoti yangu. Aliapa siku akiukubali uso, nakwenda nyumbani."

"Jael alisema nini?"

"Aliomba akitokea mrembo kwenye sanamu, nimpigie picha amtumie mamake."

Rubai alimfunga pingu.

Muda si mrefu kafili, aliyekuwa ameitwa mapema, akafika kwa ndege kutoka Riyadh. Aliuruka mwili wa Jael, akakiinua kinyago cha mezani, akakitazama sana.

"Huu ndio," alisema.

Josphat akanyoosha mikono yenye pingu. "Pasipoti yangu, bosi?"

"Mafi, hakuna," alijibu kafili. "Bado hujauchonga."