Kadi ya Asubuhi

Likizo hiyo Chiriku alikuwa na kazi ya kuandaa kamera ya shangazi yake. Shangazi alizunguka mkoa mzima akirekodi milima, mito na mafundi wa kazi za mikono kwa ajili ya filamu za utalii. Chiriku alichaji betri, akapangusa lenzi, na kufuta kadi za kumbukumbu ili zitumike tena. Agizo lilikuwa moja: "Tazama kilichomo kwanza, ndipo ufute."

Siku hiyo, yeye, kaka yake na shangazi walikuwa uani kwa mama mmoja mfinyanzi. Asubuhi yote shangazi alikuwa amerekodi mitungi ikitolewa motoni. Wakati wa mapumziko, Chiriku alikaa mkekani na kadi mbili zinazofanana: ya jana, ambayo picha zake zilikwisha kuhamishiwa kwenye kompyuta, na ya asubuhi hiyo.

"We Chiriku, chai inapoa!" kaka yake aliita. "Au nikunywee?"

"Thubutu!"

Alichomeka kadi moja kwenye kamera, akaifuta bila kutazama, akakimbilia chai.

Aliporudi, alifungua kadi ya pili. Akaona picha za jana. Kumbe alikuwa amefuta kazi ya asubuhi nzima! Mfinyanzi asingechoma mitungi mingine hadi mwezi ujao, na wao walikuwa wanaondoka kesho.

Kaka alimsogelea, akanong'ona, "Nyamaza. Tutasema kadi imeharibika. Kadi ina mdomo?"

"Chiriku, niletee kadi tupu!" shangazi aliita. "Nataka kumrekodi mama mfinyanzi akichora nakshi."

Chiriku alimpelekea ile aliyoifuta. Shangazi alipoanza kuiingiza kwenye kamera, Chiriku akamshika mkono.

"Shangazi, usirekodi! Hiyo ndiyo ya asubuhi. Nimeifuta. Sikutazama."

Mfinyanzi aliacha kufinyanga. Shangazi alivuta pumzi ndefu.

"Umerekodi chochote juu yake?"

"Hapana."

"Basi isiguswe na mtu."

Aliipachika kwenye kompyuta na kufungua programu ya kurejesha picha. Chiriku alichuchumaa kando ya skrini. Baada ya muda mrefu, picha zikaanza kutokea: moshi, makaa, mtungi wa kwanza ukiinuliwa. Chache ziliharibika, lakini nyingi zilipona.

"Alhamdulillahi," mfinyanzi alisema. "Mgongo wangu usingeweza kurudia."

Shangazi akamgeukia Chiriku. "Umefanya uzembe, na vyombo vya leo utaosha peke yako. Lakini kamera ikifuta, picha hubaki kwenye kadi mpaka urekodi nyingine juu yake. Dakika moja zaidi ungenyamaza, ningezifunika kwa mikono yangu mwenyewe. Ukikosea, niambie palepale. Nitagomba, tena sana, halafu tutatengeneza. Ukinificha, nitatengeneza nini?"