Mawe ya Maragoli Ukutani Jeddah

Damaris alimjua Protus kwa kugongwa kisogo. Ilikuwa 2018, sokoni Al-Hindawiyah. Madam wake, aliyemwajiri kazi za nyumbani, alikuwa ametoka Riyadh kuja Jeddah kuwaona wazazi wake, naye Damaris ametumwa iliki. Jamaa mmoja, shati la samawati limepigwa pasi likakakamaa, akapita na picha kubwa begani, kona ikampata.

"Pole, dada! Hii sanaa ya kisasa haina macho."

Damaris akaitazama. Mistari myekundu, myeusi na myeupe, iliyopindapinda. "Hii ndiyo mnaita ya kisasa? Mama yangu huchora hivi ukutani kila Desemba, kwa udongo na majivu."

"Usiniambie wewe ni wa Maragoli!"

"Mungoma."

"Mimi Mbale! Lete namba kabla nikugonge tena."

Protus alikuwa dereva wa jumba la sanaa huko Jeddah. Tangu siku hiyo, kazi zikiisha kule Al-Naseem, Riyadh, simu haikosi kulia.

"Umekula, malkia?"

"Nimekula matusi ya madam."

"Basi chora, hasira itoke."

Akachora, kwa kahawa na hina, juu ya maboksi ya tende: mawe ya kwao yaliyobebana, majani chai, njia nyekundu ya kwenda mtoni. Safari iliyofuata ya Jeddah akampa Protus michoro sita. "Nitunzie, mpenzi. Madam akiiona ataitupa."

Miezi mitatu baadaye madam akaalikwa kwenye maonyesho ya jumba hilo hilo, Damaris akaenda kumbebea mtoto wake. Akaingia na gauni lake la kazi la kijivu, akasimama ghafla. Mawe yake yalikuwa ukutani, kwenye fremu za dhahabu. Chini, kikaratasi: *Protus, Kenya*.

Damu ikamchemka. Akamfuata Protus mlangoni, amevaa tai, mshenzi!

"Ile michoro ni ya nani?"

"Nisikize, babe. Ikama yako, kibali chako cha kuishi hapa, inasema kazi ya nyumbani. Jina lako likionekana pale, kafili, mdhamini wako, atakurudisha Kenya. Nilikuwa nakukinga."

"Kwa kunifuta? Kila siku unanipigia kuuliza kama nimekula. Hili lilikushinda kuuliza?"

"Si tutaoana, Damaris? Nilidhani changu ni chako."

"Changu ndicho kimekuwa chako! Hujatoa hata mbuzi kwetu na ushaniibia. Ukinioa utaniachia nini?"

Protus akainamisha kichwa. Aliona aibu kweli.

"Nimekosa. Niambie nifanye nini. Hata wakinifuta kazi, nitafanya."

Damaris alikuwa amebakiza mwaka mmoja wa mkataba, na kazi aliihitaji. Lakini hasira ilikuwa imemzidi. Akaenda ukutani, akakibandua kikaratasi, akamtupia.

"Geuza. Andika jina langu. Lote."

Protus akatoa kalamu, akaandika: *Damaris Kageha*.

"Na Mungoma."

Akaongeza Mungoma, akakibandika tena mbele ya wageni. Madam akaja mbio, abaya ikiburuzika sakafuni.

"Damaris! Hii nini? Yalla, twende nyumbani!"

"Si kosa lake, madam," Protus akasema. "Mimi ndiye nilidanganya. Michoro ni yake."

Madam akasoma kikaratasi, akamgeukia mfanyakazi wake. "Wewe? Mafi, hakuna! Haiwezekani."

"Ni yangu, madam," Damaris akasema, mtoto mgongoni. "Na hata ukinirudisha kwetu kesho, itabaki yangu."