Kwa Nini Seba Hakuvua Shati

“Kuza hapo. Hapo kwenye mgongo.”

Alliance alitanua vidole viwili juu ya simu mpaka mgongo wa Seba ukajaa kioo chote.

“Ni yeye,” alisema.

“Najua ni yeye! Mgongo wa mchumba wangu nisiujue? Nauliza anafanya nini na shati la mikono mirefu mahali ambapo watu wote wako nusu uchi.”

Alikuwa na rafiki yake Colombe, sebuleni kwa Colombe, mtaa wa Bredäng jijini Stockholm, chai imeshapoa mezani. Na jioni yenyewe ilikuwa imeanza kwa furaha, maskini. Colombe alikuwa anatafuta mahali pa fungate. Seba alirudi Meksiko mwezi uliopita, safari aliyosema kampuni yao imewazawadia mafundi umeme wote, na tangu arudi mdomo haukumkauka kusifia matembezi ya siku moja aliyofanya huko. Asubuhi magofu ya Wamaya, mchana kuogelea kwenye mashimo ya maji, halafu kula chakula cha kienyeji kinachopikwa mbele ya macho yako. “Chérie, fungate yetu ni huko huko,” alimwambia, na jina la kiongozi wa watalii akamtajia.

Basi Colombe akataka kumfanyia sapraizi, aulizie nafasi mwenyewe. Akaingia kwenye ukurasa wa yule kiongozi. Kumbe bwana yule ana mazoea ya kuwapiga wageni wake picha kutwa nzima, kisha anazimwaga zote mtandaoni!

“Turudi ya kwanza,” alisema Colombe.

Ya kwanza ilikuwa ya magofuni. Wageni wanapanda ngazi za mawe za piramidi, wanashikana mikono, wanacheka. Seba yuko chini peke yake, kaipa piramidi mgongo, anatazama msitu.

“Mtu anavuka bahari nzima aende kuangalia miti?” aliuliza Alliance.

Ya pili, shimo la maji, lile wenyeji wanaloliita senote. Maji ya buluu, mizizi inaning’inia kutoka juu, wageni wote wamo ndani wanarushiana maji. Seba yuko ukingoni, shati limefungwa mpaka kifungo cha shingoni, uso kaugeuzia ukutani.

Ya tatu, chakula. Kuku waliofungwa kwenye majani ya mgomba wanafukuliwa kutoka shimoni, moshi unafuka, mama mmoja anageuza chapati za mahindi kwenye chuma. Meza ndefu, watu wanakula. Seba hayupo.

“Huyu hapa,” Alliance alinyoosha kidole. “Nyuma ya kibanda. Anakula na kuku wazima.”

Alicheka. Colombe hakucheka.

“Na hawa ni nani?”

Kati ya wazee wa kizungu na wasichana wawili wa Kijapani, walikuwepo wanawake wawili weusi. Mama mtu mzima mwenye kitenge kiunoni, na dada mmoja mzuri, mzuri wa kuudhi, kavaa kofia ya njano.

Alliance alizipitia picha zote tena.

“Colombe, usijitafutie ugonjwa. Hakuna hata picha moja amesimama karibu nao. Hawajuani! Mwanaume mwenye hawara anakaa na hawara yake, hakai na kuku.”

Maneno yalikuwa na mantiki. Lakini Colombe alishachukua simu.

“Halo, roho yangu,” Seba aliitikia, sauti tamu kama kawaida.

“Seba, kule kwenye senote uliogelea?”

“Eh... hapana, chérie. Maji yalikuwa baridi mno.”

“Baridi? Meksiko?”

“Yako chini ya ardhi, jua halifiki. Kwa nini?”

“Na wenzako wa kazini, waliogelea?”

“Wote! Lars nusura azame, tulicheka mpaka mbavu zikauma. Bon, niko kazini, nitakupigia.”

Alikata. Colombe akaitazama tena picha ya majini. Wazee, Wajapani, mama wa kitenge, mwenye kofia ya njano. Lars hayumo. Fundi umeme hata mmoja hayumo.

“Seba amezaliwa Baraka, kule Kongo, mdomoni mwa Ziwa Tanganyika,” alisema taratibu. “Mwezi wa tano, Wasweden wenyewe bado wamevaa makoti, yeye anajitupa ziwani Mälaren kama bata. Leo anaogopa baridi ya Meksiko?”

Alliance akazihesabu mwenyewe sura za majini, moja moja.

Na tatizo ni kwamba Jumamosi inayofuata ukoo wa Seba ulikuwa unaleta mahari. Ukumbi Hallunda ulishachukuliwa, wajomba wa Norway walishakata tiketi. Kwa kina Colombe, Warundi wa zamani wale, mahari ikishapokelewa wewe ni mke wa mtu, habari ya kanisani ni sherehe tu. Kurudisha nyuma baada ya hapo ni aibu ya koo mbili. Colombe alimpenda Seba, alimpenda kweli, na sasa mapenzi yale yakawa yanamwasha mwili mzima. Akampigia simu za ukaguzi, akanusa makoti, akaangalia nani anapenda picha zake. Hakupata kitu.

Jumapili baada ya ibada walikwenda Spånga kwa mama yake Colombe. Mama alikuwa amebaki kanisani kwenye kikao cha akina mama, kawaachia chakula. Joto lilikuwa kali. Seba akavua shati, akabaki na singlendi, akaivamia sahani ya ndizi na maharage.

“Mama yako anapika, wallahi si mchezo!”

Mara ufunguo ukazunguka mlangoni.

Seba aliruka. Shati mwilini, vifungo mpaka shingoni, sahani mkononi, na kabla mama hajavua viatu yeye alishatoka kwenye balkoni na kufunga mlango wa kioo. Akamwamkia mama kutoka huko huko, macho chini, kisha akageuka akaendelea kula akitazama maegesho ya magari.

Mama alitabasamu. “Huyu kijana kalelewa! Hata sisi Warundi tulishaanza kuyaacha haya.”

“Bibi yake ndiye aliyemlea,” Colombe alijibu. “Kwao mwanaume hali mbele ya mama mkwe, hajivui nguo, hamtazami...”

Sentensi ikamfia mdomoni.

Alikuwa anautazama mgongo ule nyuma ya kioo. Shati lile lile la mikono mirefu. Mabega yale yale yaliyojikunja kwa adabu. Sahani mkononi, mbali na meza.

“Mama,” alisema, na sauti yake mwenyewe ilimtisha. “Kuna mwanamke mwingine ambaye mwanaume wa kwao anaweza kumfanyia hivi? Shangazi? Mama mchungaji?”

“Hao anakula nao vizuri tu. Haya ya namna hii ni ya mama mkwe peke yake.” Mama akacheka. “Na mama mkwe wake ni mimi, labda awe na mwingine amemficha!”

Colombe aliingia bafuni akafungulia maji ili asisikike akilia.

Sasa alielewa kila kitu. Seba hakupanda piramidi kwa sababu mama wa kitenge alikuwa anapanda, na mkwe hatazami juu mama anapopanda ngazi. Hakuogelea kwa sababu mama alikuwa majini. Hakukaa mezani kwa sababu mama alikuwa mezani. Na kwa mwenye kofia ya njano hakusogea, kwa sababu nani mwenye malezi anamshika mke wake mbele ya mama mzazi? Ule umbali ambao Alliance aliuona ushahidi wa kutojuana, ndio uliokuwa unamsema!

Usiku huo hakumuuliza Seba neno. Amuulize wa nini? Ulimi wa Seba haujawahi kukosa jibu. Angemletea Lars mwenyewe, na cheti cha kuzaliwa cha Lars.

Chini ya picha ya wale kuku wa kwenye majani kulikuwa na maoni: *“Mama yangu bado anakisifia hiki chakula, anasema ni kama liboke la kwetu, samaki wa kwenye majani. Merci! Orpha.”* Colombe akamwandikia:

*“Dada Orpha, mimi nataka kumpeleka mama yangu kwenye matembezi hayo. Naogopa zile ngazi. Naweza kuzungumza na mama yako anipe ushauri?”*

Jibu lilikuja na namba na emoji ya moyo. Moyo, jamani! Colombe alilitazama lile dude jekundu akatamani kutupa simu.

Akapiga.

“Jambo mama. Naitwa Colombe, napiga kutoka Stockholm.”

“Stockholm! Ee, huko si ndiko anakotumika kazi mkwe wangu!”

Colombe alikaa sakafuni palepale.

“Mkwe wako nani, mama?”

“Sébastien. Mume wa Orpha wangu. Alileta mahari hapa Ottawa mwaka juzi, sasa tunangoja karatasi tu waishi pamoja. Ndiye aliyetupeleka kule Meksiko. Kijana ana heshima, binti yangu! Joto lile lote hakufungua hata kifungo. Nilimwonea huruma.”

“Mama,” alisema Colombe, “Jumamosi hii analeta mahari nyumbani kwetu. Ni mchumba wangu.”

Sauti ya mama ikabadilika.

“Wewe mwanamke sikujui. Wavunja ndoa za watu nimewasikia wengi, na wote wanaanza kwa adabu kama wewe.”

“Usiniamini. Sikuombi uniamini. Jumamosi nitakupigia kwa video, pokea tu. Usimuulize kwanza, ana jibu la kila kitu. Na usiseme neno mpaka yeye akuone.”

Mama Orpha alikata bila kuaga.

Jumamosi ukumbi ulijaa. Upande mmoja wazee wa Seba wakiongozwa na mjomba wake Boniface, masanduku ya vitenge na kreti za soda mbele yao. Upande mwingine wazee wa Colombe, na msemaji wao baba mkubwa Révérien, mzee wa maneno mengi na kofia ya manyoya hata kiangazi. Akina mama walikuwa jikoni, kama desturi, ili mkwe ale kwa raha. Na Seba alikuwa anakula kwa raha kweli. Suti ya kijivu, paja la kuku mkononi, anacheka na kila mtu. Alimkonyeza Colombe. Colombe alihisi moyo unamuuma hasa, kwa sababu alikuwa mzuri siku hiyo, mshenzi yule.

Mzee Révérien alisimama akakohoa.

“Binti yetu, wageni hawa wanasema wanakufahamu. Vitu vyao tunaviona. Lakini sisi hatuli cha mtu bila wewe kusema. Tupokee?”

“Baba mkubwa, kabla sijajibu, kuna mgeni mmoja hajaingia.”

Minong’ono ikazuka. Colombe akabonyeza simu. Iliita, ikaita, na Alliance aliyekuwa pembeni yake akaanza kuomba kimoyomoyo. Halafu ikapokelewa. Colombe hakutazama nani kapokea. Alikwenda mpaka mbele ya Seba, akakigeuza kioo kimwelekee.

Mpaka dakika ile, niwaambie ukweli, alikuwa bado anamwombea aendelee kutafuna. Atazame tu simu aseme, “Huyu mama ni nani?” Colombe angemwamini, angemwangukia miguuni kumwomba msamaha.

Paja la kuku lilianguka.

Seba alisimama, kiti kikapinduka. Mkono mmoja ukafuta mdomo, mwingine ukafunga kifungo cha koti, na mwili mzima ukageuka ukaipa simu mgongo, kichwa chini. Hakufikiri. Bibi yake alikwisha kufikiri kwa niaba yake zamani sana.

“Mkwe, jambo,” ilisema simu.

Ukumbi wote ulisikia. Na wote wakamsikia Seba akijibu, kwa sauti ya mtoto aliyelelewa vizuri:

“Jambo, mama.”

“Seba!” mjomba Boniface aliruka. “Unamwamkia nani?”

“Anamwamkia mama wa mke wake,” alisema Colombe. “Yuko Ottawa. Hata mimi nimemfahamu wiki hii.”

“Orpha!” mama aliita kule kwenye simu, na sasa alikuwa analia. “Orpha, njoo umwone mume wako amevaa suti!”

“Chérie, ngoja, nitaeleza, ile ilikuwa...” Seba alianza, bado kainama, bado mgongo kwenye simu. Akatafuta pa kuelekea. Akageukia mlango wa jikoni.

Mlangoni alikuwa amesimama mama yake Colombe, aproni kiunoni, mwiko mkononi. Seba akaruka tena, akageuka huku, akakutana na simu. Akageuka kule, mama. Mwisho akabaki amesimama kiubavu, anatazama ukuta mtupu. Wapo waliocheka. Wazee wake hawakucheka, walishaanza kufunga masanduku wenyewe bila kuambiwa.

Mzee Révérien alivua kofia yake.

“Binti, nakuuliza tena kwa sababu desturi inataka nikuulize. Tupokee?”

Machozi yalikuwa yanamtoka Colombe na hakuyafuta.

“Msipokee.”

Mama yake akaja polepole mpaka mezani. Akakiinua kiti kilichopinduka. Akachukua sahani ya Seba, akaiongezea kijiko kimoja cha wali, akaiweka mbele yake.

“Kaa ule, kijana,” alisema. “Nitazame tu usoni, huna haja ya kunionea haya tena. Mimi si mkwe wako.”