Mikono Juu Mbele ya Kamera

Kila asubuhi kabla ya shule, Verediana alimsaidia mama yake kupanga nyanya kwenye ndoo kando ya barabara kuu pale Ilula. Kisha alinawa miguu, akavaa sare na kukimbilia darasa la sita. Wiki hiyo alijikokota tu. Kamera ya Mwalimu Kalinga ilikuwa imemchosha.

Mwalimu huyo alitoka Iringa mjini kutengeneza filamu kuhusu jinsi watoto wa siku hizi wanavyojifunza. Alitaka somo la kawaida, basi. Lakini kamera ikiwashwa tu, darasa zima liligeuka la maonyesho. Mwalimu Lea wa hisabati aliuliza swali la sehemu, na mikono yote ikaruka juu.

"Jamani, tena?" Mwalimu Kalinga alilalamika. "Kama wote mnajua kila kitu, shuleni mnafuata nini?"

Hakujua siri yao. Wageni wakija, anayejua jibu hunyoosha mkono wa kulia na asiyejua hunyoosha wa kushoto, na Mwalimu Lea huchagua wa kulia tu. Verediana alikuwa amenyoosha wa kushoto mpaka bega linamuuma. Sehemu zilimpiga chenga tangu darasa la nne, na ni masomo ya ziada ya jioni tu yaliyoanza kumfungua macho.

Ijumaa wazazi walialikwa kutazama filamu. Mama alipomwona bintiye amenyoosha mkono kila swali, alipiga vigelegele.

"Kumbe anajua hivi! Basi mwalimu, hayo masomo ya jioni aache, anisaidie kuuza nyanya."

Hasira zilimpanda Verediana. Aliikasirikia kamera, akalikasirikia darasa, na zaidi alijikasirikia mwenyewe. Alisimama.

"Mama, mimi sijui! Angalieni ni mkono gani. Wa kushoto ni wa wasiojua."

Mwalimu Kalinga alirudisha picha nyuma. Mikono ya kushoto ilikuwa mingi kuliko ya kulia. Mzazi mmoja alisonya. "Sasa hapa mlikuwa mnamdanganya nani?"

Mwalimu Lea aliinamisha kichwa. "Niliogopa kuonekana sifundishi. Mnisamehe, wazazi wangu."

Jumatatu walirekodi upya. Verediana alikwenda ubaoni, akajumlisha nusu na robo, akakosea vibaya. Mwalimu Lea alichora chapati, akaigawa vipande vinne, akamwambia ajaribu tena. Alijaribu, akakosea, akafuta kwa kiganja.

"Robo tatu!" alisema mwishowe.

"Hapo sasa!" Mwalimu Kalinga alishusha pumzi nyuma ya kamera. "Hiki ndicho nilichokuwa nakitafuta wiki nzima!"

Jioni mama alimsubiri mlangoni. Bado alikuwa amekunja uso.

"Mwanangu, usiponiambia usichokijua, nitakusaidiaje? Ijumaa nilikuwa nakutoa masomoni huku nakupigia vigelegele. Usinifanyie hivyo tena. Kesho jioni nenda kasome, nyanya nitauza mwenyewe."