Saa Shingoni mwa Mabaka

Kila asubuhi Kija alifungua zizi kabla hata hajanawa uso. Ng'ombe walitoka mmoja mmoja, pua zikifuka mvuke kwa baridi ya Ufipa, na siku zote aliyetangulia alikuwa Mabaka, jike mzee mwenye kengele shingoni. Huko walikotoka wazazi wa Kija, upande wa Shinyanga, kengele haifungwi kwa ng'ombe yeyote tu. Hufungwa kwa yule anayejua njia, wengine wamfuate. Mabaka alijua njia ya kupanda kilima kilichokuwa nyuma ya nyumba yao, pembezoni mwa Milanzi, na jioni alijua njia ya kurudi. Asingekuwa ng'ombe, pengine wangempa uenyekiti wa mtaa.

Zamani Kija alipanda nyuma yake akiimba. Tangu mama yake alipofariki, wakati watu wakivuna ulezi, aliacha kuimba, kisha akaacha na kupanda. Alikaa juu ya jiwe chini ya kilima akisikiliza kengele ikienda mbali. Msibani hakulia, na majirani wakasema binti huyu ana moyo mgumu. Haukuwa mgumu. Ulikuwa umekufa ganzi, kama mguu uliokaliwa muda mrefu. Alikula ugali akamaliza, na ukimuuliza alikula na mboga gani, hakumbuki.

Shuleni kwao kulikuwa na klabu ya kupanda milima. Ilianzishwa na Mwalimu Gaudensi, mwalimu wa jiografia, na mwanafunzi wake mmoja wa zamani aliwaletea saa janja chache na simu moja. Mtoto alivaa saa mkononi, akabonyeza kitufe, akapanda. Saa ilihifadhi njia aliyopita, kimo alichofikia na mapigo ya moyo wake, kisha ikirudi shuleni ilizituma habari hizo kwenye programu iliyokuwa katika simu ya klabu. Wale waliojizoeza vizuri ndio wangechaguliwa kwenda Milepa, kule chini bondeni, waupande ukingo mrefu mpaka juu kwenye uwanda.

Saa hazikuwatosha wote, kwa hiyo walivaa kwa zamu, wawili wawili. Kija alipangwa na Herieth, msichana wa Kifipa mwenye maneno mengi na kicheko cha karibu. Herieth aliingojea safari ya Milepa kuliko alivyoingoja Krismasi. Kila alipomaliza zamu yake aliikabidhi saa kwa Kija akiwa bado anahema.

"Mambo, Kija! Leo nimefika mpaka kwenye miti ya juu. Moyo ulikuwa unapiga, puu, puu, puu! Wewe utafika wapi?"

"Popote tu," alijibu Kija.

Jumamosi ya zamu yake ya kwanza, Kija alikaa kwenye jiwe lake kama kawaida. Saa ikamtetemekea mkononi, ikimkumbusha kuanza. Ikatetemeka tena. Aliiona kero tu. Akamwendea Mabaka, akaifunga saa kwenye ukanda wa kengele, akabonyeza kitufe cha kuanza, akarudi kukaa. Hakuona kama amefanya jambo baya, wala hakuona kama amefanya jambo zuri. Mabaka akapanda. Zamu zilizofuata ikawa hivyo hivyo.

Mwalimu Gaudensi alipofungua programu mbele ya klabu, alifurahi sana.

"Tazameni njia ya Kija," alisema akiinua simu juu. "Hakimbii hovyo. Anapanda taratibu, anapumzika kwenye kijito, anaendelea. Huyu anaujua mlima. Mwigeni!"

Wanafunzi wakapiga makofi. Mwenye makofi yake alikuwa kilimani, anatafuna nyasi.

Lakini kulikuwa na jambo lililomsumbua mwalimu. Kwenye safari zote za Kija, mahali pa mapigo ya moyo palikuwa patupu. Mwalimu Gaudensi si mtu wa kushindwa upesi. Alizima saa akaiwasha. Akatenganisha saa na simu, kisha akaziunganisha upya zikiwa zimelala pamoja mezani. Akakagua kama lokesheni imewashwa na kama programu imepewa ruhusa ya kuitumia. Akaondoa mpangilio wa kubana chaji, maana huo huzima vitu vingine kimyakimya ili betri idumu. Akageuza saa, akafuta kwa kitambaa kile kioo kidogo cha nyuma chenye taa za kijani zinazosoma mapigo. Mwisho akaivaa mwenyewe, juu kidogo ya kifundo cha mkono, akaukaza mkanda. Namba ikatokea papo hapo.

"Mezani inasoma, mlimani inakufa," alisema akikuna kichwa. "Kija, huwa unaukaza mkanda?"

"Ndiyo, mwalimu," alisema Kija. Na kweli aliukaza sana, isije ikadondoka shingoni kwa Mabaka.

"Basi kuna maji ndani. Ikitikisika, mara yanagusa waya, mara hayagusi. Nani ameilowesha?"

Ndipo Herieth akainua mkono polepole. Alisema kwamba siku moja alisahau kuivua akaosha nayo vyombo, lakini aliifuta haraka, na baada ya hapo ilisoma vizuri tu.

Mwalimu alisikitika, lakini kanuni ya klabu waliiweka wote kwa pamoja: anayeharibu kifaa kwa uzembe hupumzishwa. Jina la Herieth likaondolewa kwenye orodha ya safari ya Milepa. Herieth hakubisha. Alikaa, akaanza kukwangua wino kwenye dawati kwa ukucha.

Kija alimwona. Alijua neno moja lingetosha. Alijitafuta ndani kama kuna aibu, kama kuna huruma, asipate kitu. Kengele ya kutoka ikalia, akachukua mkoba wake akaenda nyumbani.

Jioni hiyo Herieth alikuja Milanzi. Alimkuta Mzee Maganga, baba yake Kija, akirekebisha mlango wa zizi.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Mwenzako yuko pale kwenye jiwe lake. Siku hizi amelioa lile jiwe."

Herieth akaenda akakaa karibu na Kija. Hakuwa na kicheko. Macho yake yalikuwa yamevimba.

"Kija, nisaidie kukumbuka," alisema. "Wakati nakupa ile saa, ilikuwa na unyevu? Ulihisi chochote?"

"Kwa nini unauliza?"

"Labda niliilowesha mara nyingine nikasahau. Nimefikiri mpaka kichwa kinauma. Mwalimu hawezi kukosea bure. Nimeshamwambia mama ni mimi niliyeiharibu. Amesema nikaungame." Akajifuta pua kwa mkono wa sweta. "Samahani, Kija. Safari zako zote zimekosa mapigo kwa sababu yangu."

Kija alimtazama. Huyu ndiye aliyekuja kukaa naye siku za msiba, akamletea togwa kwenye chupa, akazungumza peke yake mchana kutwa bila kujibiwa. Sasa alikuwa anaomba msamaha kwa kosa ambalo si lake, na alikwisha kuliamini. Kitu kikamchoma Kija kifuani. Kiliuma vibaya, na kwa mara ya kwanza tangu mavuno alijua kwamba kinauma.

Kengele ya Mabaka ikasikika ikishuka kilimani. Kija akasimama.

"Njoo," alisema.

Alimshika Mabaka pembe, akamwonyesha Herieth ukanda wa kengele. Kwenye ngozi ya ukanda palikuwa na alama mpya ya mkanda mwembamba.

"Saa ilikuwa inakaa hapa," alisema Kija. "Mimi sijapanda hata siku moja. Haina maji. Ilikuwa haishiki ngozi ya mtu."

Herieth alitazama ukanda, akamtazama ng'ombe, akamtazama rafiki yake.

"Na ulininyamazia?" aliuliza.

"Ndiyo."

Herieth akaondoka bila kuaga. Kija akabaki amesimama, machozi yakimtoka, Mabaka akimlamba kiwiko. Mzee Maganga aliweka nyundo chini akaja. Alisikiliza yote, hakumkaripia.

"Hata mimi, mwanangu, kuna siku najikuta nimeshika nyundo sijui nataka kupiga nini," alisema. "Kesho tutakwenda wote kwa mwalimu. Lakini utakayesema ni wewe."

Kesho yake Kija alisimama mbele ya klabu akasema. Alipofika kwenye habari ya kengele, wengine wakaanza kucheka, na mwalimu mwenyewe, akikumbuka jinsi alivyosifia mapumziko ya kijitoni, akashika kipaji cha uso akitabasamu. Kisha akaacha kutabasamu. Akamwita Herieth mbele, akamwomba radhi wote wakisikia, akarudisha jina lake. Jina la Kija likatoka.

"Njia ya mwongo ni fupi," alisema mwalimu, "hata ikipandwa na ng'ombe. Jumamosi utaanza upya, Kija. Kwa miguu yako."

Jumamosi Mwalimu Gaudensi na Mzee Maganga waliwakuta wasichana chini ya kilima. Herieth alikuwa amekuja, ingawa alisimama mbali kidogo na hakuzungumza sana. Ila saa ilipolegea mkononi mwa Kija, ni yeye aliyemkazia mkanda.

"Juu ya kifundo," alisema kwa ukali. "Si shingoni."

Wakapanda, Mabaka akitangulia. Kija alichoka upesi, upepo ukampiga usoni. Walipofika kwenye kijito alisimama akihema, akatazama mkono wake. Taa za kijani zilikuwa zinametameta chini ya saa, na namba ilikuwepo, inapanda.

"Inasoma?" aliuliza mwalimu kutoka chini, naye akihema.

"Inasoma, mwalimu," alisema Kija, akaanza kulia, kilio kile ambacho hakukilia msibani. Herieth akasogea, akamshika bega.

Mwalimu alingoja mpaka akatulia.

"Nilizima, nikawasha, nikaunganisha, nikafuta," alisema. "Nilikagua kila kitu isipokuwa kukuuliza wewe mwenyewe una hali gani tangu mama aondoke. Hilo ni kosa langu. Lakini nawe shika hili. Moyo kufa ganzi si kosa, ni maumivu, na maumivu huambiwa mtu. Kosa ni kuyaficha, ukaufunga mzigo wako kwenye shingo ya mwenzako."

Mzee Maganga aliitikia kwa kichwa. Juu yao kengele ililia tena, na wasichana wawili wakaifuata.