Tangawizi ya Nell

Kila Jumamosi asubuhi, kabla hata hajachana nywele, Nell Ackroyd alikuwa jikoni kwa bibi yake wakioka flapjeki, vile vipande vitamu vya oti. Vidole vya Bibi vilikuwa vimekakamaa kwa baridi yabisi, kwa hiyo yeye alikaa kitini akitoa amri, na Nell, msichana wa miaka kumi na mmoja, ndiye aliyefanya kazi. Aliyeyusha siagi, sukari ya kahawia na shira katika sufuria, akamimina oti, akakoroga, kisha akaushindilia mchanganyiko kwenye trei kwa mgongo wa kijiko.

"Shindilia, mwanangu! Usibembeleze, huyo si paka," Bibi alisema.

Jumamosi hii haikuwa ya mchezo. Mchana kulikuwa na maonyesho ya kijiji cha Harrowdale, na shindano la watoto lilikuwa la flapjeki: vipande sita, vya ukubwa mmoja, kwenye sahani ya karatasi. Bibi aliwahi kushinda shindano hilo alipokuwa msichana. Kadi yake nyekundu ya mshindi ilikuwa bado ipo kwenye rafu juu ya jiko, imepauka. Nell alitaka kitu kimoja tu duniani: kadi ya pili kando ya ile.

Bibi alipogeuka kutazama mvua dirishani, Nell alichota kijiko kizima cha tangawizi ya unga akakitia kwenye sufuria.

"Nasikia harufu," Bibi alisema bila kugeuka.

"Kidogo tu, Bibi."

"Kidogo chako nakijua mimi."

Flapjeki zilipotoka kwenye oveni, Nell alizikata zikiwa bado na uvuguvugu, akaziacha kwenye trei mpaka zikapoa kabisa, maana ukizitoa na haraka zako zinageuka makombo. Bibi akaichukua sahani na kuipeleka ukumbini, nyumba ya pili tu, akaweka kando yake kadi yenye jina la Nell, imelazwa kifudifudi. Ndivyo ilivyokuwa desturi: jaji aonje kwanza, majina yafunuliwe baadaye. Nell alibaki kuosha vyombo.

Saa nane mchana milango ilifunguliwa. Nell alijipenyeza hadi kwenye meza ya watoto, na moyo wake ukaruka. Kadi nyekundu! Kando yake, jina limeandikwa wazi: Nell Ackroyd.

Alitaka kupiga kelele, lakini akaitazama sahani kwanza. Vipande vya kwenye sahani ile vilikuwa na rangi ya asali. Vyake vilikuwa vyeusi kidogo pembeni. Aliinama akanusa. Siagi, shira, basi. Tangawizi ilikuwa imekwenda wapi?

"Kadi nyekundu! Umemkata nani mtama?" Alikuwa Wilf Cragg, wa darasani kwake, mikono mifukoni. Alicheka, kisha akakunja uso. "Mimi sijapata kitu. Tena hebu ona jaji alivyoniandikia: 'Tangawizi imezidi.' Tangawizi gani? Kwetu hatuna hata chembe! Huyu jaji ana mafua au vipi?"

Nell aliitazama sahani ya Wilf. Vipande vyeusi pembeni. Harufu ikamfikia hata kabla hajainama.

Zake zimefikaje kwa Wilf? Nani kazihamisha? Aliyeileta sahani ukumbini ni mtu mmoja tu. Aligeuka. Bibi alikuwa mlangoni akipeana mikono na majirani, anasema kwa sauti, "Mjukuu wangu huyo!" Miezi mingi ilikuwa imepita tangu Nell amwone Bibi na furaha namna ile. Je, ni yeye? Haiwezekani. Lakini basi ni nani? Na kama ni yeye, Nell akisema si atamwaibisha mbele ya kijiji kizima? Wilf mwenyewe hakujua kitu. Angenyamaza tu, kadi ingekuwa yake.

Alimvuta Bibi pembeni. "Bibi, zile si zangu. Zangu ziko kwa Wilf. Wewe ndiye... ulizibadilisha?"

"Ala! Mimi?" Bibi alimkazia macho. "Uzee wangu wote huu, nije kuiba flapjeki za mtoto wa Cragg?"

"Samahani, Bibi. Sielewi tu."

Hasira ikampungua Bibi. "Unajua ukisema, kadi inaondoka?"

"Najua."

"Haya, tangulia. Mimi niko nyuma yako."

Bi. Sugden, msimamizi wa meza, aliwasikiliza, kisha akashika kichwa. "Maskini mimi! Asubuhi paa lilivuja, maji yakawa yanadondokea mezani. Nikahamisha sahani mbio mbio, kadi za majina nikazirudisha kwa kubahatisha. Ni kosa langu."

Akaitwa jaji, akanusa sahani zote mbili, akacheka, na kadi nyekundu ikahamia kwa Wilf. Wilf aliishika kwa mikono miwili. "Lakini Nell, ungenyamaza nisingejua!"

"Hata mimi nilitaka kunyamaza," Nell alijibu, na akaona haya kulisema.

Nyumbani alilia. Alilia sana, uso kwenye aproni ya Bibi. Bibi alimwacha amalize, kisha akaichukua karatasi ya jaji iliyosema tangawizi imezidi, akaisimamisha kwenye rafu, kando ya kadi yake ya zamani.

"Bibi, hiyo si ya ushindi!"

"Lakini ni yako. Ile ilikuwa ya Wilf, na kila ungeiona ungeangalia pembeni. Nguo ya kuazima haisitiri, mwanangu. Sifa ni hivyo hivyo: vaa ya kwako, hata kama ni fupi."

Kisha akachukua kipande kilichobaki kwenye trei, akatafuna polepole, machozi yakamtoka.

"Na jaji hakukosea," alisema akikohoa. "Jumamosi ijayo, nusu kijiko."