Vitambaa vya Mama Mkasi

Cherehani tatu, meza moja ya kukatia, kioo kirefu chenye ufa, na pasi isiyopoa. Hicho ndicho chumba cha mbele cha nyumba ya fundi. Watoto wakiwa bado wanatafuta viatu vya shule, cherehani ya kwanza imeshaanza kulia. Ukipita nje unaisikia: trrr, kimya, trrr.

Fundi ni mwanamke wa miaka arobaini na mbili. Ana ulimi mwepesi, na mikono myepesi zaidi. Kazi hiyo alifundishwa na mama yake mzazi. Mtaa mzima ulimwita mama huyo Mama Mkasi, kwa sababu alikata nguo bila kuchora. Alikutazama mara moja tu, kutoka juu hadi chini, kisha mkasi ukaanza safari. Nguo ikishonwa, ilikukaa sawasawa.

Siku hizi Mama Mkasi hakati kitu. Anakaa kwenye kiti nyuma ya mlango, karibu na gunia la mabaki. Wateja wakiingia wanampita. Wengine wanaweka mikoba yao miguuni pake, kana kwamba yeye ni meza.

"Bibi hajambo?" mteja anamuuliza fundi, na bibi mwenyewe yuko hapo hapo.

"Hajambo, yuko kazini, analinda mlango," anajibu mume wa fundi, dereva wa lori, akiwa nyumbani. Watu wanacheka. Mama Mkasi naye anacheka kidogo, cheko la mtu asiyetaka kuharibu furaha ya wenzake.

Ilianzaje? Ilianza na sare za kwaya, miaka miwili na nusu iliyopita. Yalikuwa magauni kumi na mawili ya bluu. Mama Mkasi alizishona kwa uzi wa kijani. Kola mbili zilikaa upande. Kiongozi wa kwaya alipozikunjua alipiga kelele mpaka wapita njia wakasimama.

"Jamani, fundi! Yaani mmemwachia bibi kizee nguo za watu?"

Fundi aliona aibu. Angeona aibu mtu yeyote. Lakini aibu hiyo akamshushia mama yake. Jioni ile ile aliuchukua ule mkasi mkubwa akautundika kwenye msumari, juu kabisa, karibu na dari.

"Mama, sasa pumzika," alisema. "Umetulea, umetusomesha. Zamu yetu kukulea wewe."

"Nipumzike kitu gani? Mimi nimekuambia nimechoka?"

"Ni umri, mama. Hakuna ubaya."

Basi, kwa neno hilo moja, mambo yote yakapata jibu. Mama akimwaga chai, ni umri. Akapewa kikombe cha plastiki, kama mtoto. Mama akigonga stuli, ni umri. Watoto wakaambiwa wasogeze stuli. Mbona aligonga vitu vya upande wa kushoto tu? Loo, hakuna aliyejiuliza.

Shida ilikuwa mikono yake. Haikutulia. Ilipapasa mapajani, ikakunja upindo wa gauni lake, ikakunjua, ikakunja tena. Fundi alipoiangalia, moyo ulimuuma. Hapo ndipo alipobuni jambo ambalo fundi cherehani tu angeweza kulibuni. Alikata vipande sita vya mraba kutoka kwenye mabaki ya bluu.

"Mama, kuna mteja ametaka vitambaa vya mkono. Nisaidie kukunja pindo."

Uso wa mama ulichangamka. Alishona kutwa nzima kwa sindano yake, kwa kupapasa. Jioni alipokwenda kuoga, fundi akachukua wembe akafumua pindo zote sita. Asubuhi akamrudishia.

"Mteja ameongeza oda, mama. Anataka vingine sita."

Ikawa hivyo kila siku. Mama anashona, mtoto anafumua. Fundi alijiona mtoto mwema kuliko wote mtaani. Hata mumewe alimsifu: "Hapo umecheza. Bibi ametulia tuli." Hakuna aliyefikiria kwamba mtu aliyetulia tuli anaweza kuwa amekata tamaa.

Siku moja aliingia mama mmoja, muuguzi wa macho, kushonesha magauni mawili ya kazini. Yeye hakumpita aliyekuwa nyuma ya mlango. Alisimama mbele yake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibu."

Muuguzi akavuta stuli akakaa. Mama Mkasi akanyoosha mkono akamgusa bega, akapitisha kidole kwenye mshono.

"Aliyekushonea hili koti alikuwa na haraka," alisema. "Bega la kulia limevutwa. Halikubani?"

Muuguzi alicheka. "Linanibana kweli! Nilidhani nimenenepa."

Fundi, aliyekuwa kwenye cherehani, aligeuka. Aliutazama mshono ule. Bega lilikuwa limevutwa, na yeye mwenye macho mawili mazima hakuwa ameliona.

Muuguzi aliinama akayaangalia macho ya bibi. Katikati ya jicho la kulia, pale panapopaswa kuwa peusi, palikuwa na weupe, kama kioo chenye mvuke.

"Mama, unaniona vizuri?"

"Ah, haoni sana huyo," fundi alidakia. "Si unajua tena. Uzee."

"Dada," muuguzi alisema taratibu, "nimemuuliza mama."

Mama Mkasi alilamba midomo, kama mtu aliyeitwa darasani bila kutegemea.

"Jicho hili la kulia, nakuona kama uko nyuma ya pazia," alisema. "Hili la kushoto, sikuoni kabisa. Giza."

"Tangu lini?"

"Pazia lilianza wakati wa zile sare za kwaya. Giza lilikuja polepole baadaye."

Fundi aliondoa mguu kwenye cherehani. "Mama! Mbona hukusema?"

"Nilisema. Nilikuambia taa ya humu imefifia. Ukanunua taa mpya. Nikakuambia na hii nayo imefifia. Ukasema ni umri. Basi nikafikiri labda ndivyo umri wenyewe ulivyo."

Fundi aliikumbuka ile taa. Aliinua macho akaiona inawaka juu ya meza, kali, haina tatizo lolote.

"Sikilizeni niwaambie," muuguzi alisema. "Mvi ni uzee. Kupanda ngazi taratibu ni uzee. Lakini mtu akiacha kuona, anaumwa, na mgonjwa anapelekwa hospitali. Huo weupe nafikiri ni mtoto wa jicho. Ndani ya jicho kuna kilenzi. Kikipata ukungu, huoni vizuri, na hata rangi zinakupotea. Bluu na kijani unaweza usizitofautishe."

"Bluu na kijani," fundi alirudia.

"Kinatolewa, kinawekwa kingine cha kutengenezwa. Ni upasuaji mfupi."

"Lakini nasikia lazima usubiri mpaka aive," alisema mume wa fundi kutoka mlangoni. Siku hiyo hakuwa na utani.

"Hayo ni maneno ya zamani, shemeji. Mtu akianza kushindwa kazi zake, aje. Na msimwekee dawa za kuambiwa na majirani, wala majani, wala asali. Ila hilo la kushoto linanitia wasiwasi. Kesho mleteni."

Kesho yake walikwenda. Daktari alimpima bibi kwa mashine, akamwangaza kwa kurunzi, akamwekea matone. Alipomaliza alivuta kiti, akaketi mbele ya Mama Mkasi.

"Mama, nina habari mbili. Jicho la kulia ni mtoto wa jicho, na tunaweza kukufanyia upasuaji. La kushoto ni ugonjwa mwingine. Tunauita presha ya macho. Unaua mshipa unaopeleka picha kwenye ubongo. Mshipa ukishakufa, haufufuki."

"Hata kwa miwani?" fundi aliuliza.

"Hata kwa miwani. Hata kwa upasuaji. Tunachoweza ni kulinda kile kilichobaki. Ugonjwa huo umeanza kidogo kwenye la kulia pia, kwa hiyo atatumia matone kila siku, maisha yake yote."

"Na kama tungekuja mwaka juzi?"

"Mngekuja mwaka juzi, huenda jicho la kushoto lingekuwa bado linaona."

Fundi alitazama sakafu. Mwaka juzi alikuwa na nafasi kila jioni. Kila jioni alishika wembe, akafumua.

"Sasa, mama," daktari alisema, "unaonaje? Tukufanyie hilo la kulia?"

Fundi alifungua mdomo kujibu. Akaufunga. Hiyo ilimgharimu, maana mdomo wake haukuzoea. Mikono ya Mama Mkasi ilitulia mapajani.

"Muda mrefu sijaulizwa kitu," alisema. "Nifanyieni."

Kabla hawajaondoka, daktari alimgeukia fundi. "Na wewe utapimwa leo. Presha ya macho hupita kwenye familia, na mwanzoni haiumi wala haikuonyeshi dalili. Mtu akifika miaka arobaini, apimwe, hata kama anaona vizuri." Fundi alipimwa. Macho yake yalikuwa salama. Alitoka humo hana furaha yoyote, kana kwamba ameokota kitu cha mtu mwingine.

Upasuaji haukuchukua hata saa moja. Siku iliyofuata bandeji ilifunguliwa. Mama Mkasi alipepesa jicho, akaona dirisha, akaona koti jeupe la muuguzi, kisha akamwona mwanawe.

"He! Umeota mvi," alisema.

Fundi alicheka, na machozi yakamtoka papo hapo. Mvi zile zilikuwa na mwaka mzima.

Bibi alikatazwa kulisugua jicho, kuinama sana na kubeba vizito mpaka lipone. Majuma kadhaa yalipita. Fundi alimhamisha kutoka nyuma ya mlango akamweka kando ya meza ya kukatia, upande ambao watu wakiingia watakuwa kulia kwake. Lile gunia la mabaki alilisukuma chini ya meza, ndani kabisa. Hakutaka lionekane. Lakini asubuhi ya kwanza aliyoruhusiwa kushika sindano, mama aliuliza.

"Vitambaa vyangu viko wapi?"

"Vitambaa gani, mama?"

"Vile sita. Usijifanye hujui."

Fundi alivitoa. Mama Mkasi alichukua kimoja, akakinyanyua dirishani, akakitazama kwa lile jicho moja. Pembeni kulikuwa na vitundu vya sindano, mistari kwa mistari, na mwanga ukipita ndani yake.

"Ulidhani sijui?" aliuliza.

"Hujui nini?"

"Mwanangu, kidole hiki kimeshika kitambaa miaka hamsini. Kitambaa kilichofumuliwa hakijifichi. Asubuhi ya pili tu nilijua."

Fundi alijikuta amekaa chini sakafuni, kati ya nyuzi. "Sasa kwa nini uliendelea kushona?"

"Ningefanya nini? Mkasi mlishauweka darini. Nikasema, nikikataa, na hiki nitanyang'anywa. Halafu nikakuonea huruma. Kutwa unashona, jioni unakaa kufumua ya kwangu. Nilitamani nikuambie, acha, utaumia vidole."

Fundi alilia, tena kwa sauti. "Nisamehe, mama. Nilidhani nakusaidia."

"Najua. Nilishakusamehe. Ila jicho halirudi, tusidanganyane."

Mume wa fundi, aliyesikia yote kutoka chumba cha ndani, alipanda juu ya stuli akashusha mkasi. Aliufuta vumbi kwa shati lake akampa mama mkwe kwa mikono miwili.

Tangu siku hiyo, Mama Mkasi anakata kila asubuhi, wakati mwanga wa dirisha ni mzuri. Sasa anachora kwanza kwa chaki, maana jicho moja halipimi umbali vizuri, na analichukia jambo hilo waziwazi. Nyuzi, fundi amezipanga kwa rangi, kila moja na mahali pake. Mteja akiingia na kumuuliza fundi "bibi hajambo?", fundi haachi kushona. "Si huyo hapo, muulize mwenyewe." Wengi wanaona haya. Wengine wameanza kwenda kwake moja kwa moja, na wakishapimwa nguo hukaa kuzungumza. Wazee wanne wa mtaani wameshapelekwa kupimwa macho. Mmoja wao walikuwa wakimwita mwehu, kumbe alikuwa haoni anamsalimia nani.

Juma lile lile alilorudishiwa mkasi, Mama Mkasi alikikunja pindo kitambaa kimoja kati ya vile sita. Uzi ulikuwa wa bluu, kwenye kitambaa cha bluu. Alikata uzi kwa meno, akampa mwanawe.

"Hiki usikifumue," alisema.

Fundi hajakifumua. Kila asubuhi, kabla ya cherehani kulia, ananawa mikono, anamwegemeza mama yake kichwa nyuma, anatia tone moja la dawa katika jicho la kulia. Kisha kwa kitambaa hicho anafuta dawa inayoteremka shavuni. Akikitazama kwa karibu, anaviona bado, vile vitundu vya zamani chini ya pindo jipya. Hakuna pasi inayoviziba. Alishajaribu.